Barua ya wazi kwa wenye dhamana ya mazingira Zanzibar: kazi ya kunguru mliiacha nusu

Kwa Waheshimiwa,
Wenye dhamana ya mazingira, misitu, mifugo, bandari na usafi wa miji,
Zanzibar.

YAH: KUNGURU WA KIHINDI NA NDEGE WETU WANAOKWISHA

Assalamu alaikum.

Mimi ni mwalimu mstaafu wa skuli ya msingi hapa Unguja. Barua hii ni ya nne. Tatu za mwanzo zilikuja kwenu kwa njia inayostahiki: ndani ya bahasha, kwa mkono wangu, na nakala zikagongwa muhuri wa kupokelewa. Kuhusu ya kwanza niliambiwa kwa mdomo kuwa faili linatembea. Kuhusu ya pili, kuwa aliyekuwa nalo amehamishwa. Ya tatu nilielezwa na kijana mmoja mpole wa mapokezi kwamba jambo lenyewe halina ofisi: wa mazingira wanasema ni la mifugo, wa mifugo wanasema ni la usafi wa mji, na wa usafi wanasema kunguru si taka. Namshukuru kijana yule. Katika miaka miwili ya kwenda na kurudi, ndiye pekee aliyenipa maelezo ninayoweza kuyaamini. Kwa kuwa kila mmoja wenu anadhani barua ni ya mwenzake, leo naiandika hadharani ili iwe yenu nyote.

Sikuja kumvunjia mtu heshima. Wengine kati yenu nimewafundisha kusoma.

Ndege ninayemlalamikia mnamjua, kwani ndiye anayewaamsha alfajiri: mweusi, shingo na kifua rangi ya majivu, mdomo mnene, sauti kavu. Kunguru wetu wa asili ni yule mwenye kizibao cheupe kifuani, na siku hizi mtu wa mjini anaweza kumaliza mwaka bila kumwona. Huyu wa majivu alifikishwa hapa mwanzoni mwa miaka ya 1890, wakati wa Balozi wa Uingereza Gerald Portal, ili asafishe taka za mji. Tunamwita wa Kihindi kwa sababu ya nchi alikotoka, na jina hilo lisimkere jirani yangu yeyote wa Darajani. Aliyemleta ni mkoloni aliyeona ndege ni rahisi kuliko mabehewa ya taka. Hata miongo mitatu haikutimia kabla hajahesabiwa kuwa mharibifu. Mwaka 1947 alionekana Mombasa, na leo pwani ya Tanzania na Kenya inamjua vizuri. Yaani kwa hili sisi tulipokea janga, kisha tukawapelekea jirani.

Malalamiko yangu ni haya.

1. Anamaliza ndege wadogo wakiwa bado viotani

Watu wengi humwona kunguru jaani wakadhani anaishi kwa taka tu. Mkae chini ya mti mmoja asubuhi tatu mfululizo muone. Nyuma ya nyumba yangu pana mwembe ambao minana walikuwa wakisuka viota vyao kila msimu, vikining'inia kwenye ncha za matawi kama vibuyu. Mnana husuka kiota chake hivyo ili nyoka asikifikie, na mlango akauweka chini. Kunguru hahangaiki na mlango. Anatua juu ya kiota, anakichana kwa mdomo, anatoa kinda, anaruka nalo mpaka juu ya paa la jirani, anarudi kuchukua la pili. Mzazi anapiga kelele pembeni. Msimu mmoja nilihesabu viota kumi na tisa kwenye mwembe ule, na sikuona kinda hata mmoja aliyeruka kwa mbawa zake. Misimu miwili baadaye minana hawakurudi tena.

Yaliyowapata minana yanawapata shore, chozi, tetere na pugi. Mwanafunzi wangu wa miaka ya themanini alikuwa akiniletea majina ya ndege kumi na tano aliowaona njiani kuja skuli. Mjukuu wangu analeta matatu, na kunguru ni mmojawapo.

Jambo hili lina sababu yake. Kule kwao Bara Hindi yupo ndege aitwaye koeli, ambaye hutaga mayai yake ndani ya kiota cha kunguru, naye kunguru akapoteza sehemu ya uzazi wake kwa kulea watoto wa mwenzake. Hapa hana koeli. Jike hutaga mayai matatu hadi matano, chakula amewekewa mlangoni, na ndege wa hapa hawakupata karne nyingi za kujifunza hila zake. Kisiwani mambo haya ni mazito zaidi kuliko bara, kwa kuwa ndege wa kisiwani hana msitu mwingine wa kukimbilia.

2. Kazi ilianzwa, ikazaa matunda, kisha ikaachwa

Hapa ndipo roho yangu inapouma, na nawaomba msome taratibu.

Katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1990, kunguru wa Unguja walipigwa vita kwelikweli. Ilitumika mitego mikubwa ya waya yenye kunguru wa kuitia wenzake, na baadaye sumu iitwayo Starlicide iliyotiwa katika vipande vya nyama. Waliuawa maelfu kwa maelfu. Sisi tuliokuwepo tunakumbuka Mji Mkongwe ukiwa kimya alfajiri, na tunakumbuka ndege wadogo wakirudi kwenye bustani. Kwa hiyo msiseme haiwezekani. Iliwezekana, na ilifanyika hapa hapa.

Kisha fedha zikaisha, mradi ukafungwa, na waliobaki wakazaana.

Nataka mfahamu waliobaki ni wepi. Mtego humkamata kwanza mjinga na mwenye njaa. Mwenye hadhari anabaki juu ya mti akitazama. Kunguru ni ndege mwenye akili ya kutisha: akishamwona mtu na bunduki mara moja, humkumbuka yeye, na akaonya kundi zima kila akipita. Ukisimamisha kazi katikati, umewaacha hai walio werevu kuliko wote, na hao ndio watakaolea kizazi kinachofuata. Ndiyo maana nasema kampeni iliyoachwa nusu si nusu ya mafanikio. Huenda tungekuwa na nafuu kama isingeanzwa kabisa, kwa sababu safari ijayo tutapambana na watoto wa waliotushinda.

Wenzetu wa Malindi na Watamu, pwani ya Kenya, walipita njia hiyo hiyo. Waliwapunguza kwa sumu ileile, mwaka 2005 Kenya ikapiga marufuku kuiingiza, na kunguru wakarejea. Juni 2024 shirika la wanyamapori la Kenya, KWS, likatangaza mpango wa kuondoa kunguru milioni moja kabla ya mwaka kwisha. Milioni moja! Hiyo ndiyo hesabu inayomfikia mtu aliyesema "tutaendelea mwakani".

3. Hakuna anayelinda mlango wa bandari

Kunguru huyu husafiri kwa meli. Hutua juu ya mlingoti au makontena, hula mabaki ya jikoni baharini, na kushuka bandari inayofuata. Kwa njia hiyo amefika hata Uholanzi. Sasa niambieni: nani bandarini kwetu ana kazi ya kutazama juu ya mlingoti? Na nani anayetazama chini, kwenye magunia na majahazi, ambako hupanda panya?

Guam, kisiwa cha Pasifiki kilicho chini ya Marekani, hawakutazama. Baada ya Vita Kuu ya Pili, nyoka mmoja wa mitini mwenye rangi ya kahawia aliingia humo, kwa dalili zote ndani ya shehena za kijeshi. Aliwala ndege wa msitu usiku wakiwa wamelala. Kati ya aina 12 za ndege wa asili wa msituni, 10 zimetoweka kisiwani humo. Mdiria wa Guam alinusurika tu kwa sababu wachache walikamatwa na kuzalishwa vizimbani. Mwaka 2013 Wamarekani walifikia kuangusha kutoka angani panya waliokufa, wametiwa kidonge cha paracetamoli ndani, kwa kuwa dawa hiyo tunayomeza sisi kwa kichwa humwua nyoka yule. Taifa tajiri, lenye helikopta, linapigana na nyoka kwa panya na kidonge, na mpaka leo halijammaliza. Mlinzi mmoja bandarini angekuwa na gharama gani?

4. Pemba na visiwa vidogo

Pemba ina aina nne za ndege wasiopatikana kokote duniani isipokuwa huko: ninga wa Pemba, chozi wa Pemba, bundi mdogo wa Pemba na yule ndege mdogo wa kijani mwenye miwani meupe. Ina na popo wake mkubwa. Mkiwapoteza hao, hakuna nchi ya kuwaomba mbegu.

Juu ya visiwa vyetu vidogo wapo ndege wa baharini wanaotaga chini, mchangani au mwambani, bila hata kiota. Yai limelala juani, mama ameondoka kidogo, na kunguru wawili wanatosha kumaliza kundi. Kwa upande huu lakini nina la kuwapongeza. Chumbe waliamua kuondoa panya weusi kisiwani kwao, na mwaka 1997 kazi hiyo ikakamilika. Walifanya, wakamaliza, kisha wakabaki macho. Sijui kwa nini somo la Chumbe halijawahi kuvuka maili chache za bahari kuingia ofisini.

5. Jaa

Hili ni fupi. Kunguru huyu hakai porini. Hukaa alipo mtu, na hula anachotupa mtu. Kila chombo cha taka kisicho na mfuniko ni chungu cha kunguru. Utumbo wa samaki unaoachwa sokoni jioni unalisha makinda ya kunguru asubuhi. Hapa lawama si yenu peke yenu, na mimi pia nimewahi kutupa mifupa nje ya ukuta.

Najua majibu mtakayonipa, kwa kuwa nimeshayasikia kwenye benchi la nje.

Mtasema kunguru anasafisha mji. Alipewa kazi hiyo zaidi ya miaka 130 iliyopita. Piteni jaani mtazame kama ameifanya. Anachofanya ni kuchana mifuko na kusambaza.

Mtasema sumu ni hatari. Hofu hiyo ni ya haki, na sitaki mtu yeyote agawe sumu kwa masheha kama chanjo. Sumu niliyoitaja huua kunguru kwa kuharibu figo, polepole, hivyo wenzake hawahusishi kifo na chakula. Na ndiyo maana hutumika kwa ndege wa aina hiyo. Lakini lazima itiwe na waliofunzwa, mahali wanapotazama nani anakula, na mizoga ikusanywe siku hiyo hiyo. Asiyeweza kuahidi hayo asianze. Mitego ipo, na kuondoa viota kupo.

Mtasema ni dhambi kuua viumbe. Wengi wamenijia na hoja hii kwa nia njema kabisa, na mimi si sheikh. Ila Hadithi iliyo sahihi inamtaja kunguru, pamoja na panya na nge, miongoni mwa watano wanaoruhusiwa kuuawa hata ndani ya Haram, eneo takatifu la Makka. Dini hiyo hiyo inatukataza kumtesa mnyama, kwa hiyo mitego ikaguliwe kila siku na ndege asiachwe na kiu juani. Naomba pia tumhurumie kinda la chozi, ambalo nalo lina roho.

Mtasema hakuna fedha. Hili ndilo jibu lenye uzito, basi nilijibu kwa uzito. Mwaka 2023 jopo la kimataifa la wanasayansi wa bayoanuwai, IPBES, lilieleza kwamba viumbe vamizi wamehusika, peke yao au pamoja na sababu nyingine, katika asilimia 60 ya matukio ya viumbe kutoweka duniani yaliyorekodiwa. Na pale walipokuwa chanzo kikuu, asilimia 90 ya matukio hayo yalikuwa visiwani. Gharama ya uharibifu wao duniani ilikadiriwa kupita dola za Marekani bilioni 400 kwa mwaka. Sisi ni kisiwa. Wageni wanaotulipa wanakuja kwa ajili ya matumbawe, kima punju na ndege, na hakuna anayepanda ndege kutoka Ulaya kuja kumtazama kunguru. Tena, Desemba 2022 huko Montreal nchi za Mkataba wa Bayoanuwai ziliafikiana kupunguza kwa nusu, ifikapo 2030, kasi ya viumbe vamizi kuingia na kustawi, na visiwa vikatajwa kuwa ni pa kupewa kipaumbele. Tanzania ni mwanachama wa Mkataba ule. Wapo wafadhili wanaotafuta kisiwa chenye mpango wa maandishi. Sisi hatuna mpango. Tuna faili linalotembea.

Na mtasema, hata tukiwaua watarudi kwa meli. Sokotra, kisiwa cha Yemeni ambacho mababu zetu walikipita kwa majahazi, walikuwa na jibu. Kunguru walifika kule miaka ya 1990. Watu wa Sokotra hawakungoja wawe maelfu. Waliondoa makinda viotani msimu baada ya msimu, na mwaka 2009 ndege wa mwisho wakapigwa risasi. Shelisheli nao waliwapiga waliposhuka melini, kabla hawajawa wengi. Sokotra si tajiri kutushinda. Waliwahi, na hawakuacha katikati.

Kwa Unguja nakubali kwamba kumwondoa kila kunguru huenda kusiwe kwa enzi yangu, pengine hata yenu. Siombi muujiza. Naomba haya:

(a) Ofisi moja itajwe kwa jina kuwa ndiyo yenye dhamana ya viumbe vamizi katika visiwa vyote vya Zanzibar, na awepo mtu mmoja ambaye mwananchi anaweza kumpigia simu akaipokea.

(b) Uwepo mpango wa kupunguza kunguru usiopungua miaka kumi, wenye fungu lake katika bajeti ya Serikali. Fedha za mfadhili ziongezee. Zisiwe ndizo mguu pekee wa kusimamia. Kama hamuwezi kuahidi miaka kumi, semeni sasa, na msianze.

(c) Kabla ya kuua ndege hata mmoja, wahesabiwe: kunguru kwenye miti wanayolala, na ndege wadogo viotani. Hesabu irudiwe kila mwaka na itangazwe, hata ikiwa ya aibu. Walimu wa Sayansi na wanafunzi wao watafanya kazi hiyo kwa furaha. Mimi wa kwanza.

(d) Pemba na visiwa vidogo vipewe ulinzi kabla ya Mji. Watu wafunzwe kutambua kunguru, panya na kiumbe chochote kigeni siku kinaposhuka, na wawe na ruhusa ya kumwondoa papo hapo bila kungojea barua kutoka Unguja.

(e) Bandari zote, pamoja na za majahazi, ziwe na mkaguzi wa shehena na milingoti.

(f) Masoko ya samaki na majaa yawekewe vyombo vyenye mifuniko, na mabaki yaondolewe kabla ya machweo.

(g) Nijibiwe kwa maandishi ndani ya siku sitini. Jibu likiwa "hapana", nitalipokea, mradi liwe na saini.

Nakala za barua tatu za awali, zenye mihuri yenu, ninazo. Sikuziambatisha hapa kwa sababu majina ya makarani waliozipokea yanasomeka, na wao hawana kosa. Atakayezitaka nitamletea mwenyewe. Siku za kazi nipo nyumbani mpaka saa nne asubuhi, nikihesabu. Mwaka huu jozi moja ya chozi imejaribu tena kwenye mkomamanga wa dirishani, na kunguru bado hajawaona.

Wenu mtiifu,

Mwalimu mstaafu,
Unguja.

Nakala:
Masheha wote wa Unguja na Pemba
Walimu wa Sayansi, skuli zote
Kijana wa mapokezi